Kifo cha Kwenye Kitambaa Cheupe

Wakati wa Mwingereza televisheni hatukuijua. Tulichokuwa nacho ni gari la sinema, lililofika Makambako mara chache. Jioni moja nilikwenda kutazama na dada yangu mkubwa, aliyekuwa mjane. Mumewe alikwenda manamba kwenye mashamba ya mkonge akafia huko. Habari aliileta rafiki yake wa Kitandililo, aliyekuwa naye kazini: "Alilala chali, akasema mtunzeni mke wangu, akageuza shingo, basi." Dada hakulia. Alisema maneno hayo hayamfanani mumewe.

Kwenye kitambaa cheupe kilichotundikwa mbele ya gari, mgonjwa mmoja akamuaga mkewe, akageuza shingo, muziki ukalia.

"Kafa na nywele zimechanwa!" kijana akapiga kelele.

"Hata kukohoa hakukohoa!" mama mmoja akadakia. Watu wakacheka.

Dada akanishika mkono. "Umeiona shingo?"

"Anaigiza tu, dada."

"Najua anaigiza. Huko kwenye mkonge si nao walionyeshwa sinema? Yule shemeji wa Kitandililo alinisimulia kifo cha nani?"

Elimu yangu ni ndogo, huenda nakosea, lakini sinema nayo siilaumu sana. Nani angesimama kwenye baridi ile kumtazama mtu akiugua mpaka mwisho? Na yule rafiki, nadhani, alitaka kumpoza. Kumwita mwongo sikuthubutu, wala leo siandiki hivyo.

Asubuhi tukaenda Kitandililo, tukamkuta akipalilia mahindi.

"Shemeji, nieleze tena. Usinifiche."

Akanitazama mimi kwanza, kana kwamba mimi ndiye niliyemtuma dada. Kisha akaegemea jembe.

"Ilikuwa homa, shemeji. Aliumwa siku nyingi. Alitapika, akatukana watu. Alimtukana nyapara, na mimi niliyempelekea uji akanitukana. 'Uji gani huu, mwepesi kama mate!'"

"Akasema hivyo?"

"Hivyo hivyo. Akaumwaga."

"Na mimi?"

"Hakukutaja, shemeji. Mwishoni hakuwa akisema kitu."

Niliogopa. Nikajiuliza kama nilifanya vema kumsindikiza.

"Mwepesi kama mate," dada akarudia. "Basi ndiye. Ndiye mwenyewe."

Akaketi pale pale kwenye tuta, akaanza kumlilia mumewe kwa sauti, kama mtu aliyepata habari ya msiba saa ile. Shemeji akalaza jembe, akaketi karibu naye.