Lorraine na Chungwa Asilowahi Kulila

Saa kumi na mbili kasoro robo asubuhi, Lorraine Thackray anagonga. Anashika chungwa la chokoleti, yaani chokoleti yenye umbo na ladha ya chungwa, kwa mkono wa kulia, analipiga mezani mara moja, anatega sikio. Chungwa linaachia, na vipande vyake ishirini vinalala kwenye trei.

"Linafaa," anasema, na anachukua jingine.

Hugonga moja katika kila hamsini. Likigoma kuachia, trei nzima inarudi jikoni. Kazi hii ameifanya miaka arobaini na minne katika kiwanda cha Ellershaw, mjini York, Uingereza, na masikio yake hayajamwangusha. Kinachomtia wazimu wiki hii ni ulimi.

Jumatatu, bosi wake Crispin Ellershaw, kitukuu wa mwanzilishi, alimwita ofisini. Mezani palikuwa na machungwa mawili, moja limeandikwa A na jingine B. Krismasi hii kiwanda kinataka kurudisha chungwa la zamani, lile lililoachwa mwaka 1989 mafuta ya maganda ya machungwa halisi, yanayolitia ladha, yalipopanda bei. Kabatini zimekutwa karatasi mbili za mapishi, zimechakaa, hazina tarehe. Wa enzi hizo kiwandani amebaki Lorraine peke yake.

"Wewe ndiye kumbukumbu yetu," Crispin alimwambia. "Lipi la kweli?"

Halikuwa swali la mzaha. Chumba cha kugonga na kufunga kwa mkono kina wanawake sita, na Machi kitafungwa mashine zikija, isipokuwa chungwa la zamani likipata wanunuzi. Lorraine ana miaka sitini. Analipwa pauni kumi na mbili na peni sitini kwa saa, na pensheni ya serikali bado miaka saba.

"Wadanganye watu wa York kwenye chungwa lao uone," anasema. "La kwanza watanunua. La pili utakula mwenyewe."

Alionja A. Tamu, laini, halina neno. Akaonja B, na pua ikafunguka, ulimi ukawaka, machozi yakamtoka mbele ya bosi bila aibu. Alimwona marehemu mama yake, naye mfanyakazi wa hapo hapo, akiingia jikoni kwao Ijumaa jioni na mfuko chini ya koti.

"Hili!" alipiga kelele. "Hili hapa!"

Crispin, mtu wa kupima mara mbili, aliwaita wazee thelathini wa mitaa ya jirani waonje nao. Ishirini na tisa walisema B. Wa thelathini alimaliza yote mawili, akauliza chai iko wapi.

Mambo yangeishia hapo. Lakini Jumatano Lorraine alimpelekea kipande cha B Edna Barraclough, mnyapara wake wa zamani, mwenye miaka themanini na tisa, anayeishi katika nyumba ya wazee ng'ambo ya mto. Alitaka tu kumfurahisha. Edna alitafuna, akacheka mpaka akapaliwa.

"Nani kakupa uchafu huu?"

"Uchafu gani, mama Edna? Si chungwa letu hili, la karatasi ya zamani iliyokutwa kabatini?"

"Lenu, ndiyo. La dukani, siyo. Hili limezidi mafuta ya maganda, mwanangu. Jungu la tatu lilikuwa na kipimo kibovu, kila wiki linatuharibia. Hiyo karatasi niliiandika mimi, kilichokuwa kinaingia mle, ili fundi aone kosa liko wapi."

Wakati huo, kila Ijumaa wafanyakazi waliuziwa kwa peni chache mifuko ya machungwa yaliyokataliwa. Waliiita taka, na nusu ya mji ilikulia kwenye taka hiyo. Mazuri yalipanda treni kwenda London. Kula kazini ilikuwa kufukuzwa, na kuonja ilikuwa kazi ya mabwana wa ghorofani.

"Tulijua yamevunjika," Lorraine anasema. "Tulidhani kosa ni la umbo tu. Nani angejua ni la ladha?"

Siku hiyo alipitiliza kituo chake cha basi, akarudi kwa miguu.

"Nimeyagonga maelfu kwa maelfu, na zima la enzi zile sijawahi kulila hata moja. Mama alituletea taka, tukafanya sikukuu. Nilie? Nicheke? Kichwa changu hakiko sawa."

Ukutani mwa kiwanda ipo historia ndani ya fremu. Inasema Josiah Ellershaw alianza mwaka 1927 na limau la chokoleti, watu wakakunja nyuso. Mwaka 1931 akageukia chungwa, kwa sababu hakukuwa na mtoto asiyelijua chungwa la zawadi linalowekwa kwenye soksi usiku wa Krismasi. Mwisho imeandikwa: ladha ya York.

"York ipi sasa?" Lorraine anaiuliza fremu.

"Shoga, usinichanganye na mimi," anadakia Denise, mwenzake wa kufunga karatasi. "Sema A, sema B, sema unachotaka. Mimi nina kodi ya nyumba."

"Nikisema A, ndilo la kweli, na hakuna hapa atakayelitambua. Nikisema B, nauza kosa kwa jina la asili. Ungekuwa wewe?"

Denise anavuta karatasi, anafunga chungwa jingine.

Kesho saa tatu Crispin, ambaye bado hajaambiwa ya Edna, anataka jibu la mwisho. Jana mchana Lorraine aliomba A moja, zima, akaenda nalo nyumbani. Aliligonga kwenye meza yake ya jikoni, akamimina chai, akala vipande vitatu polepole.

"Zuri," anasema. "Zuri sana. Kama mgeni mwenye adabu, lakini mgeni."

Uamuzi ameufanya, ingawa anakiri hana hakika kama ni wa haki au wa moyo tu. Atamweleza Crispin yote: jungu la tatu, karatasi ya Edna, mifuko ya Ijumaa. Kisha atamwomba atengeneze B, pamoja na kosa lake, na alipeleke London.

"Mama alikufa akiamini alikuwa anatulisha kile kile walichokula matajiri," anasema, akichukua chungwa jingine kwenye trei. "Krismasi hii nao wale hicho tulichokula sisi. Hapo mama atakuwa hakukosea."