Ngazi Iliyokosa Upepo

Katika chuo cha ufundi kila mtu alimwita Mwalimu, hata wapishi, ingawa walimu pale walikuwa tele. Somo lake wanafunzi wa ujenzi walilikimbia kama dawa chungu: historia ya usanifu wa majengo ya kisasa. Wao walitaka nondo na saruji. Yeye alitaka wajue ni nani aliyekaa mezani na penseli akaamua dirisha likae hapa na si pale, na kwa nini. Basi aliwaweka kitako kwa ulimi wake. Mtu aliingia darasani anasinzia, akatoka anatazama hata choo cha chuo kwa heshima.

Kazi ya maisha yake ilikuwa msanifu mmoja aliyerukwa na vitabu vyote. Alikwisha kufa zamani, hakuacha mke wala mtoto, na michoro yake mingi ilioza ghalani. Mwalimu alimbatiza jina la Mzee wa Ngazi, maana kila jengo lake lilikuwa na ngazi nje, mbele ya macho ya watu, kana kwamba kupanda na kushuka ni jambo la kujivunia. Maktaba, soko la ghorofa, nyumba za wafanyakazi wa posta: yote aliyapima kwa tepu, akayapiga picha, akawasaka mafundi walioyamwagia zege wakiwa vijana. Likizo zake ziliishia huko. Mchumba wake alichoka kungoja akaoa kwingine. Mwalimu alimpelekea zawadi ya harusi, kisha akarudi sokoni kupima nguzo.

Kitabu kilikuwa kimefika katikati presha ya macho ilipomshika. Giza lilianzia pembeni, likasogea taratibu, mpaka akabaki anatofautisha mchana na usiku tu. Chuo kilimstaafisha kwa hotuba tamu na saa kubwa ya ukutani, sijui aitazame nani.

Akahamia kwa dada yake mkubwa, mjane aliyeshona nguo katika chumba cha mbele cha nyumba yake. Hata mabegi yalikuwa hayajafunguliwa, Mwalimu akatangaza kwamba kitabu kitamalizika.

"Kwa macho ya nani?" dada yake aliuliza.

"Yako."

Dada alicheka mpaka akaachia kanyagio la cherehani. "Mimi? Mimi nyumba najua za aina mbili tu, inayovuja na isiyovuja."

"Hapo panatosha kuanzia."

Wakaanza na maktaba. Mwanzoni ilikuwa vita. Dada alisema, "Zuri," akanyamaza. Mwalimu akamwambia, "Zuri si neno. Niambie kipi kimeshikana na kipi." Dada akavuta pumzi, akatazama upya, akaingia katika lugha aliyoizoea. Paa lina pindo pana, limekunjwa kwenda ndani. Ukuta wa mashariki umekatwa mshazari, kama kitambaa kinachotaka kuanguka vizuri. Mwalimu alisikiliza kichwa kikiwa upande, akitabasamu. Nyumbani alichapa kwa kupapasa, huku kompyuta ikimsomea maneno yake kwa sauti ya mtu mwenye mafua. Sura ya maktaba ikaisha. Ya soko ikafuata. Dada akaanza kuringa kwa wateja wake kwamba siku hizi yeye ni mtafiti, wasimharakishe.

Halafu wakaenda kwenye zile nyumba za posta.

Hapo ndipo Mwalimu alipopapenda kuliko pote. Ngazi ya zile nyumba ilizungukwa na ukuta wa matofali ya matundu, na Mzee wa Ngazi aliyapanga kuelekea upande unakotoka upepo, ili mtu aliyepanda na mizigo apoe kabla ya kufika mlangoni kwake. Mwalimu aliwahi kuandika kurasa nzima juu ya upepo ule. Alisimama penye kona ya kwanza, akainua uso.

"Matundu yapo?"

"Yapo yote," dada alisema haraka. "Kama kitambaa cha lesi. Jua linapita, linachora sakafuni."

Mwalimu aliendelea kusimama. Jasho lilimtiririka shingoni. Akanyoosha mkono taratibu mpaka vidole vikagusa plasta, laini, iliyopakwa rangi ya mafuta. Akapapasa juu, akapapasa chini. Hakuna tundu hata moja.

"Dada, hiki ni nini?"

Dada alirudi nyuma ngazi moja.

"Tangu lini unanitilia chumvi?"

"Sikutia chumvi," dada alisema kwa sauti ndogo. "Nilitia sukari."

Na sukari ilianzia mbali. Madirisha marefu ya maktaba yalizibwa nusu kwa mbao. Soko lilijengewa vibanda vya mabati mpaka ngazi yake haionekani. Dada alikuwa amezitazama picha za zamani ukutani kwa Mwalimu, akasimulia zile.

"Ulikuwa unatabasamu," alisema. "Ungekuwa wewe ungeweza kuniharibia furaha?"

"Mimi si mgonjwa wa kuletewa matunda!" Mwalimu alifoka, sauti ikapanda ngazi nzima. "Ni mtafiti! Nimeandika uongo sura mbili, na jina juu ni langu!"

Walirudi nyumbani kila mmoja na lake moyoni. Kwa siku kadhaa nyumba ilikuwa ya cherehani tu. Dada alimwekea chakula mezani, akagonga sahani kwa kijiko ili ajue kipo, akaondoka. Mwalimu alikula akiwa amevimba mashavu. Kilichomuuma hakikuwa uongo peke yake. Alijiona kama mama aliyefichwa habari za mwanawe, halafu akajiuliza: mwana mwenyewe nimemwuliza hali yake lini? Tangu amalize kupiga picha zake, hakuwahi kumwuliza mkazi yeyote anaishije mle ndani.

Asubuhi moja alijongea mpaka kwenye cherehani, akashika bega la dada yake.

"Tunaanza upya. Safari hii unipe na ubaya wake."

"Nitakuumiza."

"Niumize."

Wakarudi kwenye zile nyumba za posta. Dada alisimulia plasta, nyaya zinazoning'inia, kamba za nguo, mlango wa chuma uliofungwa katikati ya njia. Mama mmoja wa ghorofa ya pili aliwasikia, akatoka na ufagio mkononi.

"Mnatafuta nani, mama zangu?"

Mwalimu alimwuliza nani aliyeziba matundu.

"Sisi wenyewe, tulichangishana. Mvua ilikuwa inaingia, ngazi inateleza. Jirani yangu mmoja alivunjika nyonga pale ulipokanyaga."

Dada, aliyekuwa anamtazama Mwalimu usoni, alisimulia baadaye kwamba alidhani atalia. Badala yake alimwomba yule mama kiti, akaketi palepale penye ngazi, akaanza kuuliza. Mvua inatokea upande gani? Joto limeongezeka? Mngeacha matundu ya juu, ingekuwaje? Yule mama naye alikuwa na mengi. Alikiri kwamba tangu wazibe, wakati wa joto hapapitiki, na kwamba wazee hupumzika kila kona wakipanda.

"Aliyejenga alikuwa na akili," alisema, "ila hakuwahi kuishi hapa na mvua."

Mwalimu alizifuta sura zile mbili na kuziandika upya, na kwa kila jengo akaongeza walichofanya wenyeji na sababu yao. Hakumvua Mzee wa Ngazi sifa hata moja aliyostahili, wala hakumficha kosa lake. Ilimchukua muda mrefu kuliko nusu ya kwanza. Dada aliacha cherehani kila alipohitajika, akawa mkali kuliko hata Mwalimu mwenyewe. "Andika pameharibika," alisema. "Usilainishe."

Kitabu kilipotoka, profesa mmoja aliandika kwamba maneno ya ushonaji hayana nafasi katika taaluma. Wengine wakakiingiza katika masomo yao ya chuo. Katika zile nyumba za posta, kamati ya wakazi iliomba wasomewe ile sura yao, wakabishana hadi jioni kama wafungue safu ya juu ya matundu na kuiwekea kijipaa. Bado hawajakubaliana.

Kwa sasa ndugu hao wawili wameanza na msanifu mwingine, aliyejenga benki na hospitali. Juzi walikuwa mbele ya benki.

"Mdogo wangu, hili silipendi hata kidogo," dada alisema.

Mwalimu akawasha kinasa sauti cha simu yake. "Anzia juu," alisema. "Hulipendi nini?"