Jina la Baba Mkwe

Mwalimu wa mwanangu aliniambia, huku akitabasamu, kwamba mtoto wangu hajui jina lake. Alisema polepole, neno moja moja, kwa sababu siku ya kwanza tu alishaamua kwamba Kiingereza changu ni cha kuokoteza, na tangu hapo sikusema lolote lililomtoa kwenye imani hiyo. Tulikuwa mlangoni mwa darasa la chekechea, pale Germantown, huku Marekani, wazazi wengine wanapita na mabegi ya watoto wao, na yeye ananieleza kwamba anamwita mtoto, anamwita tena, anapiga makofi nyuma ya kisogo chake, na mtoto hageuki. Anaendelea na vitofali vyake vya plastiki utadhani anaitwa mtu mwingine. Masikio wameshayapima, ni mazima. Sasa wanataka kupima akili.

Nilimuuliza, akili ya nani.

Mtoto mwenyewe alikuwa na miaka minne, na akili yake naijua mimi. Alijua biskuti nazificha kabati gani, na baada ya kuhamisha biskuti alijua nimezihamishia wapi. Alijua baba yake akirudi kutoka barabarani asimrukie kabla hajavua viatu. Mtoto huyo ndiye wanataka kumtoa kwa wenzake na kumpeleka darasa la watoto wenye matatizo ya akili, kwenye jengo jingine kabisa, mpaka hapo watakapoona inafaa kumrudisha. Mwalimu alilisema jambo hilo kama vile ananipa zawadi. Mimi nafanya kazi ya kutunza wagonjwa na wazee nchi hii, na nimeona mara nyingi: mtu akishabandikwa ugonjwa hapa, ugonjwa huo humtangulia kila mlango anaobisha. Nilitoka pale nimefura, nikaingia kwenye gari na kubamiza mlango mpaka mama mmoja akageuka kunitazama.

Kilichoniudhi zaidi ni kwamba sababu nilikuwa naijua.

Mwanangu anaitwa Meinrad. Nimeliandika tu, sijalitamka, na mwenye jina alishaniruhusu, kama nitakavyoeleza. Ni jina la baba mkwe wangu. Kwetu Songea mwanamke aliyeolewa hamtaji baba mkwe wake kwa jina. Hakuna polisi anayekuja kukukamata, lakini humtaji, basi. Unasema Mzee, unasema Baba, unasema babu wa watoto. Na mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la babu yake mzaa baba, hilo nalo halina mjadala. Nilipojifungua, muuguzi aliponiuliza mtoto anaitwa nani, nilimwambia amsubiri mume wangu anaegesha gari, atakuja kusema yeye. Muuguzi alinitazama kwa huruma nyingi, akanishika mkono, akaniuliza kwa sauti ya chini kama nyumbani napigwa.

Kwa hiyo nyumbani mtoto huyo alikuwa Baba. Baba, njoo ule. Baba, shuka juu ya meza. Mume wangu alimwita Mzee, maana huyo ni baba yake amerudi mdogo, na alikuwa akimwamkia shikamoo asubuhi kwa utani, mtoto anacheka mpaka anakaa chini. Jirani yetu Mkenya, tuliyekuwa tukiachiana watoto kulingana na zamu zetu za kazi, alimwita Babu. Miaka minne mizima hakuna aliyewahi kumwita mtoto huyo kwa jina lake. Halafu siku moja tunampeleka kwenye chumba cha watu asiowajua, na wao wanaanza kumwita Minred, Minirodi, wanalitamka kama jina la dawa ya kikohozi, na wanashangaa hageuki. Hata mimi nisingegeuka.

Kesho yake nilimweleza mwalimu yote haya. Alisikiliza huku akitikisa kichwa, akaniuliza kama hiyo ni dini yetu. Nikamwambia sisi ni Wakatoliki. Akasema hajawahi kusikia Wakatoliki wa namna hiyo. Kisha akapata wazo, uso ukamng'aa: kwa nini tusimtafutie jina fupi, jepesi, watoto wenzake waliweze? Akataja mawili matatu, yote ya herufi tatu.

Unaishi kwenye mji ambao wenyewe umepewa jina la Wajerumani, jina la Kijerumani linakushinda, halafu dawa yake ni kumvua mtoto wangu jina.

Jina hilo lina watu wake. Kwenye nyumba ya wazee nilikokuwa nikifanya kazi kulikuwa na bibi mmoja mzaliwa wa Ujerumani. Siku moja nilimwonyesha picha ya mwanangu, na jina nikamwandikia kwenye kitambaa cha karatasi. Alicheka mpaka akaomba maji. Alisema hajalisikia tangu akiwa msichana, na hata wakati huo lilikuwa la wazee wa vijijini waliolala makaburini. Sehemu ya kwanza, akasema, ni neno la zamani sana la nguvu, na ya mwisho ni shauri. Mtu mwenye nguvu katika shauri. Alinishika kidevu akaniambia kwamba wao wenyewe wamelitupa, na ajabu ni kwamba limeokotwa na mtoto wangu.

Sisi hatukuliokota. Mzee alipewa ubatizoni na mapadri wamisionari, na alijua habari za jina hilo kuliko anavyojua za majirani zake. Mwenye jina wa kale alikuwa mtawa aliyeondoka kwa wenzake akaenda kuishi peke yake msituni. Alimpa chakula kila aliyepita. Wakaja wezi wawili, wakidhani ana hazina. Aliitambua nia yao, na bado akawakaribisha, akawapa mkate na kinywaji. Walipomaliza kula wakamuua kwa marungu. Alikuwa na kunguru wawili aliowafuga, na kunguru hao ndio waliowafuata wauaji njia nzima, wakipiga kelele, mpaka watu wakawashtukia na kuwakamata. Mzee alipenda kuwasimulia watu habari hiyo, na kila mara aliongeza kwamba somo yake alikosea jambo moja tu, hakula kwanza yeye.

Jirani yangu nilipomsimulia ya shule alikuwa anakunja sare zake za hospitali juu ya kochi langu. "Ati hajui jina yake?" akasema. "Huyo mtoto huniitisha chai na kuniambia anataka sukari ngapi. Achana na hao. Lakini pia nyinyi, si mngempea tu jina ya kawaida?"

Hata yeye. Nilimwambia anywe chai yake anyamaze.

Jumamosi asubuhi nilikwangua kadi ya simu nikapiga Songea. Mzee alikuwa na tabia ya kupokea simu kwa kulitangaza jina lake, kwa sauti ya kuita watu shambani, kwa sababu hivyo ndivyo walivyopokea simu mabruda waliomfundisha useremala kwenye karakana ya misheni. Mwanangu alikuwa mapajani mwangu, akalisikia jina hilo likitoka kwenye simu kama kila Jumamosi, akaanza kurusha miguu kwa furaha. Nilimpa aongee kwanza. Alimweleza babu yake mambo mengi kwa Kiingereza, naye mzee akamjibu kwa Kiswahili, na kila mmoja akaridhika.

Kisha nikamweleza mzee kilichotokea.

"Kwa hiyo huko Marekani nimekuwa punguani," akasema.

"Si wewe, Baba. Ni mtoto."

"Si ndiye mimi huyo?" Akacheka, akakohoa, akarudi. "Sikiliza, mwanangu. Ukifika mbele ya hao watu, nitaje. Nimekuruhusu. Nitaje kwa sauti wasikie."

Kabla sijajibu mama mkwe wangu akamnyang'anya simu. "Usimsikilize huyo," akasema. "Mimi nimezaa naye watoto saba sijamtaja. Wewe umtaje kwa sababu ya mwalimu?"

Niliachwa katikati. Baada ya kukata simu nilisimama jikoni, nikafungua mdomo kulitamka, angalau nizoee. Nikaishia kuosha vyombo vilivyokuwa safi.

Siku ya kikao cha kumpima mtoto mume wangu hakupata ruhusa. Alikuwa akiendesha lori la kupeleka bidhaa madukani, na bosi wake alimwambia shule za watoto ni kazi ya mama zao. Kwa hiyo nilikwenda peke yangu na mtoto. Nikakuta chumba kimejaa: mwalimu, mwanamke mwenye miwani aliyekuwa mtaalamu wa kupima watoto, na mwanamume mmoja Mmarekani mweusi, mvi zimetanda kichwani. Huyo walimleta awe mkalimani wangu. Mimi, niliyekuwa nimewaeleza kila kitu kwa Kiingereza wiki mbili mfululizo, nimeletewa mkalimani. Niliwauliza hilo kwa Kiingereza hicho hicho, na mwenye miwani akamgeukia mkalimani akisubiri atafsiri.

Mkalimani mwenyewe alikuwa mtu wa heshima. Alinipa shikamoo, mimi niliye sawa na binti yake, nikaipokea kwa aibu. Kiswahili alijifunza chuoni, na alikisema kisafi, kila silabi mahali pake. Wakati wale wawili wanapanga vitu vyao mezani, aliinama upande wangu.

"Dada, nisamehe kwa swali hili. Kwa nini mtoto wa Kiafrika amebebeshwa jina la mkoloni?"

Nadhani alichagua siku mbaya. Nilimwambia kwamba Wajerumani walivyowanyonga wazee wa kwetu Songea najua mimi, nimekulia jirani na makaburi yao, na sihitaji mtu wa kunikumbusha. Nikamwambia lakini jina hili lina mtu ndani yake. Limechonga madawati ya shule tatu, limelima mahindi, limezika watoto wawili, limesomesha waliobaki. Likiwa la mkoloni basi mkoloni mwenyewe aje alichukue, atamkuta mzee wangu amekaa barazani. Mwalimu alikuwa kaacha kupanga vitu vyake, ananitazama.

Mkalimani hakukasirika. Aliangalia mikono yake. "Mimi ninatumia jina la mtu aliyemnunua babu wa babu yangu," akasema. "Huwa najiuliza kama limeshakuwa letu."

Swali hilo ninalo hadi leo.

Kikao kikaanza. Walimkalisha mwanangu kwenye zulia, ametupa mgongo, na vitofali mbele yake. Mwenye miwani akamwita. Kimya. Akamwita tena, kwa sauti ya juu, jina likazidi kuharibika. Mtoto akaongeza tofali jingine kwenye mnara wake. Mwenye miwani akaandika kitu, na namna alivyoandika, haraka haraka kama mtu aliyekuwa anajua jibu tangu nyumbani kwake, ilinipandisha mori.

Nikasema, "Baba."

Mwanangu akageuka hapo hapo, akanitazama kuona nataka nini.

"Mnaona," nikawaambia.

Mwenye miwani akasema kwamba hiyo ni sauti ya mama, na neno hilo si jina lake. Mtoto wa umri huu anatakiwa kujua jina lake. Akaniomba nimwite kwa jina, mara moja tu, ili waweze kuendelea. Wote wakanitazama. Mwalimu alikuwa na lile tabasamu lake. Mkalimani peke yake alikuwa ameinamisha macho, maana nadhani alikuwa ameelewa ninaombwa nini.

Nilifikiria lile darasa la jengo jingine. Nikapiga moyo konde, nikafumba macho, nikalitamka jina la baba mkwe wangu mbele ya watu, kwa sauti, kama alivyoniagiza. Ni kama nilivua nguo pale.

Mtoto hakuitika. Aliacha vitofali, akasimama, akanitolea macho. Kisha akanijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwamba babu hayupo hapa, yuko Tanzania, na leo si Jumamosi, simu haipigwi. Alingoja niseme kitu. Halafu akasogea karibu na goti langu, akashusha sauti, na safari hii akasema kwa Kiswahili, lugha ambayo mdomoni mwake tulikuwa tunaitafuta kwa tochi.

"Mama, umemtaja Babu."

Mkalimani aliwatafsiria. Alipofika mwisho akaongeza, bila kuombwa, kwamba mtoto huyu anajua jina lile ni la nani, linatajwa na nani na halitajwi na nani, na kwamba yeye kama mkalimani haoni ni kitu gani kimebaki cha kupimwa. Mwenye miwani akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Akasema labda kipimo kisubiri, mtoto abaki darasani kwake.

Hakuna aliyesema samahani. Mwalimu akanigeukia, akauliza, polepole vile vile, neno moja moja, sasa wao wamwite nani.

Nilikuwa nimeshambeba mwanangu, nimefika mlangoni, na uso bado unaniwaka. Nikamjibu polepole pia, ili anielewe.

"Mwiteni jina lake, kila siku, mpaka aitike. Aliyeolewa na mtoto wa mzee yule ni mimi, si nyinyi."