Foleni ya Mama Deki

Jengo la Siku lilikuwa fahari ya mji, na kama fahari nyingi za mji, lifti yake ilikuwa mbovu. Kila ghorofa ilikuwa mwaka mmoja, yenye milango mia tatu sitini na mitano. Ukifungua mlango unaingia katika siku yenyewe, unapewa robo saa, kengele inalia, unatoka. Ghorofa za miaka ijayo zilikuwa nguzo na nondo tupu. Mkandarasi alisema vifaa viko njiani.

Mama Deki alikuwa amepiga deki kwenye korido zile miaka ishirini, hadi waliomwajiri wakasahau jina lake la kweli. Kazi ilimfundisha kusoma viatu. Watu walitoka kwenye siku zao na matope, majani na vumbi, naye akajua nani katoka wapi. Mkurugenzi wa jengo, kwa mfano, kila Jumatatu alitoka na chokaa ya ukumbi mmoja wa zamani, alikowahi kuteleza jukwaani mbele ya wageni wa heshima. Alikuwa amerudi mara arobaini kujionya asivae vile viatu vipya. Yule yeye wa ujanani, mara zote arobaini, alimwita mlinzi.

"Viatu!" Mama Deki alimpigia kelele kila alipochomoza. "Vua viatu, ndiyo kwanza nimepiga deki!"

Mkurugenzi alivua. Katika jengo zima hakuna mwingine ambaye Mkurugenzi alimwogopa.

Mama Deki naye alikuwa na mlango wake, ghorofa tisa kwenda chini: asubuhi ya mvua, bintiye alipoondoka nyumbani na begi. Binti alikuwa ametangaza kwamba ushonaji ameacha, anataka kujifunza ufundi bomba. Mama Deki, mtu aliyesugua vyoo vya watu maisha yake yote, akamwambia kwamba mwanamke wa kushikashika mabomba ya vyoo si mwanawe, na akitoka asirudi. Binti akatoka. Tangu siku hiyo lile neno lilimkaa mama kooni kama mwiba wa samaki, na hakutaka kitu kingine duniani isipokuwa kurudi pale alimeze kabla halijatoka.

Mwaka ule ule akajaza fomu, akapewa namba.

"Nenda tu mama, utaitwa," Karani wa foleni alimwambia.

Mwaka wa pili mfumo ulikuwa umelala. Mwaka wa nne fomu yake ilipotea, ikaja kuonekana chini ya birika la chai. Mwaka wa sita aliingizwa mbele yake shemeji wa Mkurugenzi, aliyetaka kutazama upya mechi ambayo matokeo yake aliyajua. Karani mwenyewe alikuwa hashikiki: mara nyingi alikuwa ameingia mlango wa jana, kula tena chakula cha mchana.

"Dada," mdogo wake wa kike alimwambia siku moja wakianua nguo, "mtoto anakaa nyuma ya soko pale. Dakika ishirini kwa miguu! Kaandika ukutani kwa rangi, Fundi Bomba, na namba ya simu. Si uende umwombe radhi, yaishe?"

"Nikamwombe radhi mtoto niliyemzaa mwenyewe?"

"Sasa utafanyaje?"

"Narekebisha kule kule kulikoharibika. Fomu nimeshajaza."

Huo ndio ulikuwa utamu wa lile jengo. Ukilifuta kosa kabla hujalitenda, huna wa kumwomba msamaha. Mji mzima ulipanga foleni kwa sababu hiyo hiyo, halafu ukajiita mji wenye maendeleo.

Mwaka wa tisa akaitwa. Alivaa gauni lake la heshima, akashuka ngazi ghorofa tisa, akafungua mlango. Mvua ilikuwa ikinyesha, ua ni tope jekundu tupu. Kizingitini alisimama yeye mwenyewe, mwembamba zaidi, mikono kiunoni, na nyuma yake binti akifunga begi.

"Nyamaza!" Mama Deki akamwambia. "Usimwambie mtoto neno hilo!"

"We nani unifundishe kulea? Toka hapa na matope yako!"

"Nakujua kuliko unavyojijua, mwanamke wewe. Una kiburi!"

"Mimi? Hebu jiangalie!"

Hakuna kati yao aliyewahi kushindwa ugomvi, na wala hakuna aliyekusudia kuanza kushindwa siku hiyo. Walirushiana maneno hadi mate yakawakauka. Katikati, yule wa zamani aligeuka akamtupia binti lile lile neno, tena kwa sauti kubwa zaidi, maana sasa alikuwa na hasira za watu wawili. Kengele ilipolia, binti alikuwa keshawapita wote wawili na begi lake, yuko mbali kwenye kona.

Juu koridoni alimkuta Mkurugenzi pekupeku, viatu mkononi.

"Alikusikia?" akauliza.

"Hakunisikia."

"Hawasikiagi," alisema Mkurugenzi, akaenda kuchukua namba ya mara ya arobaini na moja.

Mama Deki aliketi kwenye ngazi akalia. Aibu ilimshika, kwa kuwa safari hii alikuwa ameuona uso wake mwenyewe ukilisema lile neno. Kisha akainuka, akaiacha ndoo palepale katikati ya njia, akatoka nje na kutembea dakika ishirini.

Aliyefungua mlango alikuwa amevaa ovaroli, spana mkononi.

"Nilikukosea, mwanangu," alisema Mama Deki. "Nisamehe."

Binti aliiweka spana chini.

"Miaka tisa, mama. Ulikuwa wapi?"

"Kwenye foleni."

Binti alimtazama kuanzia kichwani, akashuka taratibu hadi miguuni, kwenye tope jekundu la ua wao wa zamani, bado bichi.

"Ingia," akasema. "Lakini vua viatu. Ndiyo kwanza nimepiga deki."