Jina la Jazelle

Mama muuza omena, wale dagaa wa ziwani, wa ploti yetu hapa mtaani Obunga hakuangalii usoni anapoongea nawe. Macho yake yako kwenye ungo, vidole vinachambua omena na kutupa mchanga, na hata akicheka vidole haviachi kazi. Kila mwanamke kwake ni "nyathina", yaani mwanangu, hata mimi mwenye mvi. Jana asubuhi, hata hivyo, aliuweka ungo chini. Mtoto mchanga wa Lorine, jirani yetu, alikuwa akilia tangu juzi na hataki kunyonya, na kliniki walisema hana ugonjwa wowote.

"Huyu anatafuta jina lake," alisema, akampakata. Ndiyo desturi yetu: mtoto akilia hivyo, huitiwa majina ya waliotangulia mpaka anyamaze kwa lililo lake. Akaanza kwa sauti ya chini, kama mtu anayebisha hodi. Apondi. Aloo. Abuya. Akawamaliza bibi wote wa ukoo wa mtoto, na mtoto akazidi kulia.

Lorine, naye machozi yakimtoka, akasema kwa aibu jina alilojitungia akiwa mjamzito: "Jazelle."

Mtoto akanyamaza. Akageuza kichwa kutafuta titi. Sote tukashusha pumzi.

"Huyo Jazelle ni nani kwenu?" muuza omena akamuuliza Lorine.

"Hakuna mtu, Mama. Nililipenda tu."

Kwa mara ya kwanza nikamwona muuza omena akimtazama mtu usoni. "Basi ni huyu. Siku moja kitukuu chako atalia hivi, na watamwitia jina la huyu."