Mama wa Mwigizaji wa Kichina

Banda letu la video pale Kilindoni lilikuwa na deki moja, mabenchi sita na mimi. Kazi yangu ilikuwa kukaa kando ya televisheni na kipaza sauti, nikiwatafsiria watazamaji sinema za Kichina. Kichina chenyewe sikukijua hata salamu. Lakini mtu akikunja uso na kuchomoa upanga, unahitaji shule gani kujua anasema nini?

Mama, aliyekuwa mkulima wa mwani, aliiona kazi ile uongo mtupu. Miaka ile hifadhi ya bahari ilikuwa ikiajiri vijana, naye alitaka nivae sare, niwe askari wa hifadhi. Tulinuniana hata wakati wa kula. Nilitamani mno anikubali, ila sikuwa na ubavu wa kumwambia ana kwa ana.

Kulikuwa na mwigizaji mmoja tuliyempenda wote, mfupi, masikio makubwa, ambaye sinema zake aliziongoza mwenyewe. Ndani ya kasha la DVD mlikuwa na kijitabu cha maisha yake, kwa Kichina. Watu wakataka niwasomee. Ningefanyaje? Nikakifungua, nikakohoa, nikasoma: kazaliwa kisiwani, baba kafariki mapema, mama analima mwani na hataki kabisa mwanawe aigize. Wanawake walilia. Ikawa kila Ijumaa alasiri naombwa niongeze kidogo, nami naongeza bila haya.

Sifa zikamfikia mama. Ijumaa moja akaja, akakaa benchi la nyuma. Na kwa mkosi wangu, siku hiyohiyo akaingia binti wa Kichina aliyekuja kisiwani kwetu kutazama papa potwe, Kiswahili chake safi kabisa.

"Shikamoo, mama," binti akamsalimia mama yangu.

"Marahaba, mwanangu."

Watu wa mbele wakampa kijitabu, naye atusomee. Binti akasoma.

Mwigizaji alizaliwa mjini, babaye fundi saa. Alianza kwa kufagia studio, akaigiza maiti miaka mingi, ndipo akapewa maneno ya kusema. Uongozaji aliupata pale mwongozaji wake alipougua katikati ya kazi. Na mama yake ndiye aliyempeleka studio siku ya kwanza, kamshika mkono.

Banda zima likaangua kicheko. Nilitaniwa mpaka basi. Mama peke yake hakucheka. Akasimama.

"Sasa yule mama mkulima wa mwani, aliyemkatalia mwanawe, ni nani?"

Wote wakanigeukia. Nilikuwa bado nimeshika kipaza sauti.

"Ni wewe, mama," nikasema, na sauti ikasikika hadi barabarani.

Niliogopa kuliko siku zote za maisha yangu. Mama akaketi, akaitengeneza kanga yake.

"Na mwisho wake huyo mama alikubali?"

"Hapo bado hatujafika."

"Basi soma," akasema, "tufike."