Silabi Moja Iliyonijazia Ng'ombe Uani

Nilipofungua mlango baada ya swala ya alfajiri, ng'ombe alinitazama usoni.

Hakuwa ng'ombe wangu.

Nyuma yake alikuwako mwingine. Nyuma ya huyo, wengine. Ua wangu wote, kuanzia jiko la Mama Mwamini hadi chooni, ulikuwa pembe na mikia, na pumzi zao zikifuka moshi katika baridi ya Kitshanga.

Kila ng'ombe alikuwa na mwenyewe. Na kila mwenyewe alinichekea kama mtu aliyekutana na mkwe tajiri.

Nikafunga mlango.

"Mama Mwamini," nikamwita mke wangu, "njoo uone. Ama ni Kiyama, ama ni mnada."

Hakuja. Nilimsikia jikoni akicheka hata sufuria zikaanguka.

Kabla sijaufungua tena mlango huo, enyi wasomaji wangu, yafaa mnijue, ili mtakaponicheka mjue mnamcheka nani.

Mimi ni mtu wa Walikale kwa kuzaliwa. Lakini ujana wangu na sehemu kubwa ya utu uzima nilimalizia Ujiji, nikisoma na kusomesha vitabu msikitini na kuhesabu mizani za mashairi kwa vidole. Mwaka jana nilirudi Kivu na ndevu nyeupe, sanduku la vitabu, na maradhi mawili.

La kwanza ni magoti. La pili ni kujua mambo.

Kila Ijumaa huandika katika kundi la WhatsApp la mtaa wetu, chini ya kichwa "Je, Mwajua?" Nimewajuza majirani kwamba pweza ana mioyo mitatu. Nimewajuza kwamba katika sayari ya Zuhura siku moja ni ndefu kuliko mwaka. Nimewajuza kwamba okapi wa misituni mwetu ni binamu wa twiga, na kwamba jua likiwa limekwisha kutuamsha sisi, Kinshasa saa zao bado ziko nyuma kwa saa nzima, ingawa nchi ni moja.

Nilidhani ninawaangazia.

Théogène, dereva wa pikipiki ambaye ndiye mkuu wa kundi hilo, alinijibu juu ya pweza: "Papa Mwalimu, mi niko na moyo moja tu, na muke wangu anasema haitumike. Nifanye je?"

Mwenye elimu hashindani na mwenye pikipiki.

Basi, mwezi wa nane upepo uliteremka mlimani ukang'oa paa la madrasa ninayofundisha. Mabati yalikwenda kuangukia kule kambini kwa wakimbizi, yakawa milango ya vibanda, na sikuwa na uso wa kuyadai. Watoto wakawa wanasoma chini ya turubai lenye matundu. Mvua za Septemba zilikuwa zinakaribia. Wazazi waliniambia kwa adabu kwamba zikianza, watoto watabaki nyumbani. Na mtoto akibaki nyumbani msimu mmoja, humrudishi tena.

Nilikuwa na kitu kimoja tu cha kugeuza mabati: ng'ombe wangu Mahbuba.

Nikakata shauri. Lakini mtu wa daraja yangu hatangazi ng'ombe kama anayetangaza maharage. Nikakaa, nikatunga, nikaipeleka beti hii kundini:

*Nauza ng'ombe mzuri, wa maziwa kwa hakika,*
*Mpole tena hodari, kila siku hukamika,*
*Aje mwenye kufikiri, jua linapochomoka,*
*Mlango uko tayari, karibuni bila shaka.*

Mizani nane kwa nane. Vina havina kovu. Nilimsomea Mama Mwamini mara mbili, ya pili bila kuombwa.

Yeye ni mzaliwa wa milima hii. Akaacha kupepeta maharage, akaniangalia.

"Baba Mwamini, andika *nauzisha*."

"Mke wangu, *nauzisha* ina silabi moja zaidi. Mstari utakuwa na mizani tisa."

"Ikuwe hata ishirini. Andika *nauzisha*."

"Ushairi una sheria zake."

"Na soko?" akauliza, akarudi kwenye maharage yake.

Nikaona hana sikio la mashairi. Mola anisamehe.

Sasa nafungua mlango.

Wa mbele alikuwa mkulima mrefu mwenye koti la mvua na fimbo. Alisema anaitwa Straton, na kwamba dada yake wa hapa Kitshanga ndiye aliyemsomea tangazo langu kwa simu.

"Papa Mwalimu, jambo. Nimetoka Ngungu na miguu, nimelala mu njia. Ngombe njo hii. Iangalie bien."

"Karibu, ndugu yangu. Ila sijafahamu. Mimi ndiye ninayeuza."

"Ndiyo. Wewe unauza."

"Naam, nauza."

"Na mi nauzisha. Donc tumekutana."

Nikawageukia wengine. "Jamani, nauza! Nauza mimi!"

Umati mzima ukaitikia kwa furaha, "Ndiyoo!" na ng'ombe wakasukumwa mbele. Mmoja akaingia sebuleni.

Kadiri nilivyopaza sauti kwamba nauza, ndivyo walivyonikaribia. Mtu mmoja alinifungulia kinywa cha ng'ombe wake nihakiki meno. Mwingine akasema wake ana pua nzuri, kwa kuwa niliwahi kuandika kwamba alama za pua ya ng'ombe hazifanani na za mwingine, kama vidole vya binadamu.

"Wewe njo ulisema, Papa Mwalimu. Basi soma hii pua, utupe franga."

Hapo ndipo Mama Mwamini alipotoka jikoni, akijifuta machozi kwa ncha ya kitenge. Akasimama kizingitini akasema maneno machache, na ua wote ukanyamaza:

"Batu ya Mungu, huyu muzee anataka *kuuzisha*. Ni Kiswahili ya Ujiji njo iko namuharibia."

Enyi wasomaji, ninyi wa pwani na wa bara, shikeni hili vizuri. Katika milima ya Masisi, na katika sehemu nyingi za Kongo, *kuuza* ni kununua. Anayetaka kutoa mali yake apate fedha, yeye *anauzisha*. Neno ni lile lile, herufi ni zile zile, na maana imesimama upande wa pili wa meza.

Mimi, bwana wa pweza na Zuhura, sikulijua.

Mle uani kikalipuka kicheko ambacho hadi leo sijakisikia mfano wake. Straton alikaa chini kabisa. "Aah, Papa Mwalimu! Mi nilisema huyu muzee amepata mine ya zahabu ya Omate, anauza ngombe ya dunia muzima!"

Niliwaomba radhi, nikawapa chai. Sukari ya mwezi iliisha asubuhi ile.

Jioni yake niliyameza majivuno yangu, nikaandika bila vina wala mizani: "Mwalimu anauzisha ng'ombe. Njooni kesho."

Nikalala nikiwa nimetulia.

Asubuhi nikafungua mlango. Ng'ombe alinitazama usoni.

Alikuwa yule yule wa jana. Wa Straton.

Nyuma yake walikuwako wengine, na safari hii na mbuzi.

"Straton!" nikapiga kelele, nikasahau adabu zote za msikiti. "Si nimeandika *nauzisha*?"

"Uliandika, Papa. Mais tulisikia sauti ya Théogène mu groupe."

Akanishikia simu ya mtu wa karibu. Sauti ya Théogène ikatoka humo, nzito, kama ya mtangazaji wa redio:

"Bandugu, mutege masikio. Kiswahili ya Papa Mwalimu iko nageuka. Akisema kuuza, anataka kusema kuuzisha. Donc leo amesema kuuzisha… mufikiri wenyewe. Merci."

Walikuwa wamefikiri wenyewe.

Na msiniulize kosa lao ni lipi, maana mimi mwenyewe nililitafuta sikuliona. Wanafunzi wangu wa mantiki kule Ujiji hawakuwahi kufikia hitimisho safi namna ile.

Chai safari hii ilikuwa ya mkandaa, haina maziwa wala sukari. Wakanywa, wakacheka, wakaondoka. Straton alimpata mteja papo hapo langoni pangu, mtu aliyekuja kushangaa tu. Mbuzi wawili nao wakapata wenyewe. Kila mnyama aliyeingia kwangu siku ile alinunuliwa, isipokuwa wa mwenye nyumba.

Adhuhuri mawingu yakakaa juu ya mlima. Nilikwenda kwenye madrasa, nikaona watoto wawili tu chini ya turubai. Wengine wazazi wao walikuwa wamekwisha kuutazama mlima.

Nikarudi nyumbani, nikaketi karibu na Mahbuba. Sikuwa na neno. Na mtu ambaye maisha yake yote ni maneno, akikosa neno, huonekana kama gunia lililomwagwa.

Ndipo jirani yetu Mama Vestine, mjane anayetengeneza jibini, aliposimama upande wa pili wa ua. Siku zile mbili alikuwa juu milimani kwenye malisho, ameshuka saa ile.

"Papa Mwalimu, pole. Nimesikia uko natafuta ngombe mingi."

"Acha tu, mama."

"Mi nilikuwa na neno, lakini naogopa utakasirika." Akamtazama Mahbuba. "Tangu mwaka jana niko natamani hii ngombe yako. Nataka kuiuza."

Damu ikanipanda.

"Kuuza ng'ombe wangu? Mama Vestine! Mimi niko hai, nimeketi hapa, nawe unataka kumuuza ng'ombe wangu? Kwa idhini ya nani?"

Mama wa watu akarudi nyuma hatua. "Pole, Papa. Nilisema tu… Basi, niachie."

Akageuka aende zake.

Akageuka, naapa, na mabati yangu yote mgongoni mwake.

Mama Mwamini alitoka jikoni mbio, mwiko mkononi. "Vestine! Simama! Na wewe, Baba Mwamini, funga kinywa! Anataka *kununua*! Siku mbili zote zimekufundisha nini?"

Nikafunga kinywa. Ulikuwa uamuzi wangu bora kuliko yote mwezi ule.

Wanawake wawili wakapatana mbele yangu kwa muda mfupi kuliko niliotumia kutafuta kina cha *hodari*. Mama Vestine akafurahi, akanigeukia mimi niliye karibu na kamba, akasema kwa upole:

"Basi, Papa Mwalimu, unitoshee."

Nikahisi masikio yanawaka.

"Mama Vestine," nikasema nikitazama chini, "wewe ni jirani mwema. Lakini mimi nina mke, yule pale, na umri wangu huu… kukutosha mimi sitaweza."

Kisha Mama Mwamini akaangusha mwiko, akashika mti wa ua ili asianguke naye.

"Amesema umu*toshee* ngombe! Umutolee inje! *Kutosha* njo kutoa!"

Kisa hicho kilifika Kitshanga yote kabla ya Mahbuba kuvuka ua.

Paa liliezekwa wiki ile ile. Théogène ndiye aliyebeba mabati kwa pikipiki yake, safari baada ya safari, akikataa malipo, kwa sharti moja: kila abiria atakayempakia nimsimulie habari ya Mama Vestine kwa kinywa changu. Nililipa deni hilo lote.

Mvua ya kwanza ilipopiga juu ya mabati mapya, watoto walijaa madrasani, na sauti zao za kusoma ikabidi zishindane nayo. Sijasikia mizani tamu kuliko ile, na haikuwa nane kwa nane.

Ijumaa iliyofuata nikaandika kundini, kwa unyenyekevu: "Je, mwajua kwamba katika milima yetu *kuuza* ni kununua, na *kutosha* ni kutoa?"

Théogène akajibu mara moja.

"Papa Mwalimu, hiyo tulikuwa tunaijua."

Fundisho langu, wasomaji, ni fupi kuliko beti yangu: kabla hujawaambia watu wasichokijua, keti kwanza wakuambie wanachokijua. Na mkeo akikuomba silabi moja, mpe.